Muziki wa filamu nao ni usemi: Kisa cha García Leoz

Muhula uliopita niliwatendea wanafunzi wangu wa semantiki jambo ambalo baadhi yao walilidhania kuwa mzaha. Niliwaketisha katika chumba cha mihadhara, nikateremsha mapazia, kisha nikawaonyesha kipande cha filamu ya Kihispania iliyotengenezwa miaka zaidi ya sabini iliyopita. Sikuwapa tafsiri wala maelezo. Katika kipande hicho mzee mmoja mfupi, mnene, mwenye uziwi kidogo, amelala usingizi na anaota. Ndotoni amekuwa mkuu wa usalama katika mji wa wachunga ng'ombe wa Marekani, kofia pana kichwani na bastola kiunoni. Anaingia katika kilabu cha pombe, anatazamana na adui yake, na pale wanapofungua vinywa wanabwata maneno yanayofanana na Kiingereza lakini si Kiingereza. Si Kihispania pia. Ni mropoko mtupu, sauti zilizopangwa ili zisikike kama lugha, na hakuna kamusi duniani itakayokufichulia maana yake.

Wanafunzi walicheka. Walicheka mahali pa kuchekea, wakanyamaza mahali pa kunyamaza, na mzee alipokabiliwa na hatari niliwaona wawili watatu wakikaza macho. Kipande kilipokwisha nilikirudisha mwanzo nikakionyesha tena, mara hii nikiwa nimefunga sauti. Kicheko kilipungua, kikawa cha adabu tu, kile kicheko cha mwanafunzi asiyetaka kumvunja moyo mhadhiri wake. Nikawauliza: "Mara ya kwanza ni nani aliyekuwa akisema nanyi, maadamu maneno yenyewe hayakuwa na maana?" Binti mmoja aliyeketi safu ya nyuma akajibu: "Ni muziki, mwalimu." Nikauliza tena: "Muziki wa nani?" Hapo chumba kizima kikawa kimya.

Makala haya ni jibu la swali hilo, na nimeyaandika kwa sababu ukimya ule haukuwa wa wanafunzi wangu peke yao. Hata huko Uhispania kwenyewe, ambako filamu hiyo inapendwa mno, mtu atakutajia upesi mwelekezi wake na waigizaji wake, na huenda akakuimbia wimbo wake mmoja tangu mwanzo hadi mwisho. Ukimwuliza ni nani aliyeutunga muziki wenyewe, ule unaopita chini ya picha kama maji chini ya daraja, aghalabu atakuna kichwa. Wahenga walinena kwamba chema chajiuza. Sina hakika kama waliponena hivyo walikuwa wakiwafikiria watunzi wa muziki wa filamu.

Mtu huyo aliitwa Jesús García Leoz. Alizaliwa tarehe 10 Januari 1904 huko Olite, mji mdogo wa jimbo la Navarra, kaskazini mwa Uhispania, unaojulikana kwa kasri la wafalme wa zamani wa jimbo hilo. Alikulia katika uimbaji wa kanisani kama watoto wengi wa kwao waliojaliwa sikio, na hatimaye alifika Madrid kusomea utunzi. Huko alifundishwa na Conrado del Campo, mwalimu aliyepitiwa na takriban kizazi kizima cha watunzi wa Kihispania, na baadaye akawa mwanafunzi wa Joaquín Turina. Uhusiano huu wa pili ndio uliomjenga.

Inafaa nimweleze Turina kidogo, kwa kuwa kivuli chake kitatufuata hadi mwisho. Turina alikuwa mzaliwa wa Sevilla, mji mkuu wa Andalucía, kule kusini ambako Wazungu wengine wamezoea kupatazama kana kwamba ndiko Uhispania nzima: magitaa, nguo za madoa, visigino vinavyopiga sakafu. Akiwa kijana Paris mwaka 1907 alikutana na Isaac Albéniz, mtunzi mashuhuri wa Kihispania, naye Albéniz akamsihi aache kuwaiga Wafaransa, autafute muziki wake katika sauti za kwao. Turina alitii. Tangu siku hizo mahadhi ya Andalucía yakawa ndiyo lahaja yake, nayo akayapa heshima ya ukumbi wa okestra. Basi huyu kijana wa Navarra, wa kaskazini kabisa, alijifunza ufundi wake kwa mtu aliyeifanya kusini kuwa lugha ya sanaa. Kwa sisi wanaisimu jambo hili halishangazi. Wangapi miongoni mwetu tulijifunza Kiswahili sanifu kwa walimu wa lahaja nyingine? Mtu huweza kuijua vizuri lahaja isiyo yake, na pengine akaona ndani yake mambo ambayo wenyewe hawayaoni.

García Leoz hakuwa mtu wa filamu tu. Alitunga simfonia, kwarteti ya nyuzi, sonatina ya piano ya mwaka 1945, na hata zarzuela, yaani ule mchezo wa jukwaani wa Kihispania unaochanganya mazungumzo na nyimbo. Yake iliitwa La duquesa del candil. Alitunga pia nyimbo za sauti moja na piano kwa mashairi ya washairi wa zama zake. Hapa nitasita kidogo. Miongoni mwa washairi aliowatilia muziki ni Federico García Lorca, aliyeuawa mwezi wa Agosti 1936, mwanzoni mwa vita vya wenyewe kwa wenyewe, na Juan Ramón Jiménez, ambaye mwaka huohuo aliihama nchi asirudi tena hadi kufa kwake. Kwa hiyo pindi Jenerali Franco aliposhinda vita mwaka 1939, mtunzi huyu alikuwa amekwisha kufungamanisha noti zake na maneno ya mshairi aliyeuawa na upande ulioshinda. Nyimbo hizo ni fupi, hazina kelele, na ndizo zinazoimbwa zaidi katika kumbi hadi leo kati ya kazi zake zote. Lakini hazikuweza kumlisha mtu katika Madrid ya miaka ya 1940, mji wa njaa na wa kadi za mgao wa chakula.

Kilichomlisha ni sinema. Naam, sinema ilimlisha hata mwalimu wake; Turina naye alitunga muziki wa filamu katika miaka hiyo, ukiwamo wa El abanderado ya mwaka 1943. Uhispania ya baada ya vita ilikuwa nchi maskini iliyojaa majumba ya sinema. Watu walioshinda na njaa walilipa senti zao ili wakae saa mbili gizani, mahali penye joto. Serikali iliyafahamu hayo barabara, ikaishika sinema kwa mikono miwili. Mwezi wa Aprili 1941 ilitolewa amri kwamba filamu yoyote ya kigeni sharti iingizwe sauti ya Kihispania kabla ya kuonyeshwa, na kazi hiyo ifanywe na Wahispania nchini mwao. Mwanzoni mwa mwaka 1943 ikaanza filamu ya habari ya serikali, NO-DO, ambayo kila jumba la sinema lililazimika kuionyesha, na sharti hilo likadumu hadi mwaka 1975. Mlio wa tarumbeta uliofungulia habari hizo ulitungwa na Manuel Parada, ambaye pia ndiye aliyetunga muziki wa Raza ya mwaka 1942, filamu ambayo hadithi yake iliandikwa na Franco mwenyewe kwa jina la bandia. Mtunzi mwingine, Juan Quintero, ndiye aliyeipa kampuni ya CIFESA sauti zake za kifalme, katika filamu kama Locura de amor na Agustina de Aragón. Parada, Quintero na García Leoz ndio waliokuwa nguzo za muziki wa filamu nchini humo kwa muongo mzima, na raia wa kawaida, hata yule asiyewahi kukanyaga ukumbi wa muziki, alisikia kazi zao mara nyingi kuliko alivyowasikia Bach au Beethoven.

Kazi yenyewe ilikuwaje? Wengi hudhani kwamba mtunzi wa filamu huketi mbele ya piano akingoja hisia zimshukie. La hasha. Filamu hupigwa picha, ikaunganishwa, ndipo mtunzi huitwa wakati kila mtu amekwisha kuchoka na fedha zimekaribia kwisha. Anaonyeshwa kipande baada ya kipande, anaandika muda wake kwa sekunde: hapa mlango unafunguliwa, hapa mama anainua uso, hapa gari-moshi linaondoka. Muziki lazima uanze na kuisha ndani ya sekunde hizo, uteremke mtu anapozungumza, upande anaponyamaza. Kisha okestra hukodiwa kwa saa chache na kazi hurekodiwa, na bado mwelekezi anaweza kukata nusu yake kwa mkasi kwa kuwa tukio limepunguzwa. Karatasi za noti hazichapishwi. Hutiwa kabatini, na kampuni ikifa kabati nalo hutupwa. García Leoz aliifanya kazi hii kwa filamu makumi kwa makumi, baadhi zikiwa nzuri, nyingi zikiwa za kupitisha jioni, kama ile Botón de ancla ya mwaka 1948 kuhusu vijana wa chuo cha wanamaji, ambayo ilipendwa sana na umma na ambayo leo hutazamwa kwa subira.

Wapo wahakiki wa Kihispania waliomlilia kwa sababu hiyo. Wanasema kwamba sinema ilimla. Kwamba saa alizozitumia kupima milango na magari-moshi zingezaa simfonia nyingine mbili tatu na opera moja. Huzuni yao naielewa, lakini hoja yao siikubali. Inatokana na dhana ambayo sisi walimu wa lugha tumeipiga vita miaka nenda miaka rudi, ile dhana kwamba usemi wenye thamani ni ule unaosimama peke yake tu, shairi, hotuba, kitabu, ilhali usemi unaomtumikia mwingine ni wa daraja la chini. Mfasiri haheshimiwi kama mwandishi. Mkalimani hasalimiwi. Na yule anayetunga muziki wa kupitishwa chini ya mazungumzo ya watu wengine huonekana kama mtu aliyekodishwa.

Hebu tutazame jambo hili kiisimu. Katika Kiswahili mtu anaweza kusema: Mtoto amelala. Anaweza pia kusema: Mtoto amelala? Maneno ni yaleyale, mpangilio ni uleule, hakuna hata kiambishi kimoja kilichoongezwa. Kilichobadilika ni kiimbo tu, kupanda na kushuka kwa sauti, lakini mabadiliko hayo yamegeuza taarifa kuwa swali, na pengine swali kuwa shutuma. Ukiandika maneno hayo bila alama ya kuulizia umepoteza maana. Muziki wa filamu ndio kiimbo cha filamu. Picha ya mwanamke anayetembea katika barabara tupu haijasema lolote bado. Fidla zikipanda polepole anafuatwa, zumari likipiga peke yake ni mpweke, na ngoma ya gwaride ikiingia anakwenda kumpokea askari wake. Mtunzi ndiye anayeamua kama tumeambiwa au tumeulizwa. Na katika nchi ambako kila neno la mswada lilisomwa na mdhibiti kabla ya kamera kuwashwa, kiimbo kilikuwa na nafasi ambayo maneno hayakuwa nayo. Mdhibiti alikuwa na kalamu nyekundu ya kukata sentensi. Kukata kejeli iliyomo katika mahadhi si jambo rahisi hivyo.

Nitatoa mifano miwili. Wa kwanza ni Surcos, yaani Mifuo, filamu ya José Antonio Nieves Conde ya mwaka 1951, ambayo muziki wake ni wa García Leoz. Inasimulia habari za jamaa ya wakulima waliouacha udongo wao wakaingia Madrid kutafuta maisha, na jinsi mji ulivyowameza mmoja baada ya mwingine: baba akawa kichekesho cha watu, mtoto wa kiume akaingia katika magendo, binti akadanganywa kwamba atafanywa mwimbaji. Kuna tukio ambamo msichana huyo anapanda jukwaani kwa mara ya kwanza na kuzomewa, na waliomzomea walipangwa makusudi na yule aliyejifanya mfadhili wake ili ndoto yake ivunjike, naye aangukie mikononi mwake. Sijui tukio jingine la sinema ambamo wimbo umetumiwa kikatili namna hiyo. Filamu hiyo ilizua kishindo serikalini. Mkurugenzi mkuu wa sinema, José María García Escudero, aliipa hadhi ya filamu yenye maslahi ya kitaifa na akainyima hadhi hiyo Alba de América, ile filamu ya fahari kubwa kuhusu Kristofa Kolumbo, ambayo muziki wake ulikuwa wa Quintero. Uamuzi huo ulimgharimu cheo chake mwaka 1952. Basi ukitaka kujua ni sauti zipi mbili zilizokuwa zikishindana katika sinema ya Uhispania, hizo hapo: sauti ya meli za wafalme na sauti ya wakulima waliopotea mjini. Katika kesi hii García Leoz alikuwa upande wa wakulima, ingawa ni haki kusema kwamba alikuwa mtu wa kuajiriwa na angeweza kuitwa upande wowote.

Mfano wa pili ndio ule niliouonyesha darasani. Jina lake ni ¡Bienvenido, Míster Marshall!, au Karibu, Bwana Marshall. Mwelekezi wake alikuwa Luis García Berlanga, kijana aliyekuwa miongoni mwa wahitimu wa kwanza wa chuo cha sinema kilichofunguliwa Madrid mwaka 1947, naye aliuandika mswada pamoja na Juan Antonio Bardem, mwanafunzi mwenzake, na Miguel Mihura, mwandishi wa tamthilia za kuchekesha. Vijana hao wawili walikuwa wamekwisha kufanya kazi na García Leoz katika filamu yao ya kwanza, Esa pareja feliz. Yeye alikuwa fundi mzoefu mwenye umri wa kutosha kuwa mjomba wao.

Kisa chenyewe ni chepesi. Mwezi wa Juni 1947 waziri wa Marekani, George Marshall, alitangaza mpango wa kuzisaidia nchi za Ulaya zilizobomolewa na vita. Uhispania ya Franco iliachwa nje ya mpango huo. Katika filamu, kijiji kidogo cha Castilla kiitwacho Villar del Río kinaarifiwa kwamba wajumbe wa Marekani watapita na kwamba sharti wapokewe kwa shangwe. Mzee wa mji, yule kiziwi niliyemtaja, anashauriwa na meneja mmoja wa mwimbaji kwamba Wamarekani hawaijui Uhispania nyingine isipokuwa ile ya Andalucía. Kwa hiyo kijiji kizima kinajigeuza. Kuta za kadibodi zinasimamishwa mbele ya kuta za mawe, wakulima wa Castilla wanavishwa kofia za kusini, wanafundishwa nyimbo za kusini, kisha wanapanga foleni mbele ya meza ili kila mtu aseme anataka zawadi gani. Siku yenyewe inafika. Magari ya Wamarekani yanapita kwa kasi, yanatimua vumbi, hayasimami. Baada ya hapo wanakijiji wanachangishana mali zao ili kulipia mapambo, na mvua inanyesha.

Wanafunzi wangu walipofika mwisho wa filamu hawakuwa wakicheka. Mmoja alinong'ona kwamba shuleni kwao walipaka mawe chokaa kwa wiki nzima kumngoja mgeni ambaye hakushuka garini. Sikuongeza neno.

Sasa tulirudie suala la muziki. Kampuni iliyotoa fedha ilitaka filamu ya nyimbo za Andalucía kwa ajili ya mwimbaji chipukizi Lolita Sevilla, na nyimbo hizo zilitungwa na wengine, Ochaíta, Valerio na Solano; ndizo ambazo umma unazikumbuka. Hivyo García Leoz alipewa kazi ya ajabu. Ndani ya filamu tayari mlikuwamo Andalucía ya kadibodi, inayopigiwa makofi. Yeye alitakiwa atunge muziki wa kile kilichokuwa nyuma ya kadibodi: uwanja wa kijiji, saa ya mnara, darasa la shule, chumba cha daktari, jioni za kawaida za watu wasio na lolote la kuonyesha. Mwanafunzi wa Turina, mtu aliyeijua Andalucía ya kweli katika muziki kuliko watunzi wengi wa kaskazini, ndiye aliyepaswa kutuonyesha kwa masikio kwamba ile ni joho la kukodi. Nadhani mtu asiyeijua lahaja ile vizuri asingeweza kuifanya kazi hiyo. Angeibeza tu. García Leoz haibezi. Anaiacha ing'are, kisha muziki wake unarudi kwa wanakijiji kwa upole, kama mama anayemvua mtoto nguo za maonyesho.

Halafu zinakuja ndoto. Usiku wa kuamkia siku ya wageni, watu wanne wanaota, na kila ndoto ni mwigo wa aina fulani ya sinema. Padri anaota msafara wa Wiki Takatifu, wenye kofia zilizochongoka zinazofunika uso. Mara msafara unachukua mdundo wa jazi, kofia zinakuwa za Ku Klux Klan, na padri anajikuta mbele ya mahakama inayochanganya wale mahakimu wa zamani wa dini wa Uhispania na wachunguzi wa siasa wa Marekani. Kabaila maskini anayejivunia mababu zake anaota yeye ni mteka nchi anayeshuka melini katika pwani ya Amerika, kwa fahari yote ya filamu za kifalme za wakati ule, na mwisho wake ni kutiwa chunguni na wenyeji. Mkulima anaota ndege ikimdondoshea trekta, na walio ndani ni wale Wafalme Watatu wanaowaletea watoto wa Kihispania zawadi mwezi wa Januari. Na mzee wa mji anaota kilabu cha wachunga ng'ombe. Kwa muda wa dakika chache mtunzi analazimika kuzungumza sajili nne tofauti, moja baada ya nyingine, na kila moja kwa namna ambayo mtazamaji ataitambua mara moja na wakati huohuo ajue kwamba anataniwa. Mwanafunzi yeyote aliyejaribu kuiga mtindo wa mwandishi fulani anajua ugumu wake. Ukiiga kidogo mno hakuna anayetambua. Ukizidisha unakuwa mchekeshaji wa sokoni.

Zingatieni ndoto ya kabaila. Muziki wa aina ile, wenye tarumbeta za ufalme, ulikuwa ndio muziki rasmi wa sinema ya taifa, uliochezwa kwa dhati kabisa miaka miwili tu kabla katika ile filamu ya Kolumbo. García Leoz hakuhitaji kuongeza neno lolote ambalo mdhibiti angelikata. Aliurudia usemi ule mbele ya chungu cha kupikia watu, basi.

Walimu wenzangu watapenda kujua kwamba kijijini humo pia mna mwalimu wa kike, Bi Eloísa, anayewafundisha wanakijiji habari za Marekani. Naye aliandikiwa ndoto katika mswada, lakini udhibiti haukuiruhusu. Katika filamu anakaa macho. Kila nikifika hapo najiuliza García Leoz angempa ala gani.

Filamu ilipelekwa Cannes mwaka huo wa 1953, ikatuzwa zawadi ya filamu ya ucheshi na kutajwa kwa heshima kwa ajili ya mswada wake. Mwigizaji wa Marekani Edward G. Robinson, aliyekuwa katika jopo la waamuzi, alikasirishwa na picha ya kijibendera cha nchi yake kikichukuliwa na maji ya mfereji. Mwezi wa Septemba mwaka uohuo serikali ya Franco na Marekani zilitia saini mapatano ya kambi za kijeshi na misaada, kwa hiyo mara hii magari yalisimama. Muziki haukupewa tuzo Cannes, wala mtunzi wake hangeweza kwenda kuipokea. Jesús García Leoz alifariki Madrid tarehe 25 Februari 1953, akiwa na umri wa miaka 49. Filamu ilifunguliwa kwa umma katika jumba la sinema la Callao, mjini humo, tarehe 4 Aprili, siku 38 baadaye. Aliyeketi mle usiku ule akacheka mzee wa mji alipochomoa bastola yake, alichekeshwa na mtu aliyekwisha kuzikwa.

Wiki iliyofuata binti yule wa safu ya nyuma alinijia na ombi. Alitaka turudie mwanzo wa filamu, pale majina yanapopita. Nikawasha projekta, nikasitisha picha jina la mtunzi lilipotokea. Wanafunzi wakalinakili madaftarini, kisha ukazuka ubishi wa namna ya kulitamka. Wengine walisema Garsia, wengine Garkia. Nikawaeleza kwamba katika Kihispania cha Castilla herufi c ikifuatwa na i, na herufi z mahali popote, hutamkwa kwa sauti ileile ya mwanzo wa neno letu thelathini, ambayo Wazungu wengi hung'ata ndimi kuipata na ambayo sisi tumezaliwa nayo. Wakalisema pamoja, bila shida yoyote: Garthía Leoth. Nikaachia picha iendelee, na safari hii sikufunga sauti.